Mgeni Njoo, Mwenyeji Aigize

Sisi tunaotunga mashairi kwa Kiswahili hulitaja hema la Bedui kila siku bila ya kujua. Neno letu ubeti limetokana na bayt la Kiarabu, na bayt ni makaazi: kwa mtu wa mjini ni nyumba ya mawe, kwa mtu wa jangwani ni hema lililofumwa kwa singa za mbuzi. Wajuzi wa kale wa arudhi, wakiongozwa na Al-Khalil bin Ahmad Al-Farahidi katika karne ya 8, walipotafuta majina ya viungo vya mizani ya shairi, waliyaokota hemani. Kiungo kimoja wakakiita kamba, kingine wakakiita kigingi. Kwa hivyo kila mwenye kupanga beti visiwani kwetu, awe anajua Kiarabu au hajui, anasimamisha hema kwa ufundi alioukopa kwa watu ambao aghalabu hajawahi kuwaona.

Na deni hilo tumelilipa vipi? Tumelilipa kwa tusi. Mtu akifanya unyama, sisi tunasema huo ni ubedui. Mkorofi asiye haya tunamwita bedui. Tumechukua kwao jina la ubeti, tukawarudishia jina la ushenzi. Nalisema hili mwanzo ili msomaji asidhani kuwa nakuja kuwanyooshea kidole wengine hali mkono wangu ni safi. Mimi nimeishi kwa lugha hii na kwa tafsiri kwa zaidi ya miaka thalathini. Sikusoma chuo chochote. Kiarabu nilikipata madrasani, redioni na katika kamusi iliyokosa jalada, na mashairi ya Mabedui ndiyo yaliyonishika tangu ujana wangu. Ninapoyatetea maisha ya wenyewe ninakitetea pia chanzo cha maji ninayokunywa.

Shutuma yangu ni hii. Utalii katika majangwa ya Waarabu haukosi kwa kuwabadilisha Mabedui. Hakuna kaumu isiyobadilika. Kosa lake ni kwamba umewaondoa katika maisha yao, kisha ukawaajiri kuyaigiza. Tuna msemo kuwa mwacha mila ni mtumwa. Basi nauliza: ni nani yule aliyekatazwa mila yake asubuhi, akalipwa jioni kuionesha kwa wageni?

Mfano ulio wazi kuliko yote uko kusini mwa Yordani, katika mji wa kale wa Petra ambao Wanabatea waliuchonga ndani ya majabali mekundu. Vitabu vya safari vinasema mji huo "uligunduliwa" mwaka 1812 na Johann Ludwig Burckhardt, Mswisi aliyejivika nguo za Kiarabu na kudai kuwa amekuja kuchinja mbuzi kwenye kaburi la Nabii Haruni. Uligunduliwa kwa nani? Mswisi huyo aliongozwa njia na mwenyeji. Mabedui wa kabila la Bdul wameishi humo kwa vizazi, wengine katika mahema na wengine katika mapango yaleyale yaliyochongwa na watu wa kale. Walichunga mbuzi, walipanda nafaka katika vipande vya ardhi kati ya majabali, na walijua kila birika la kale linaloweka maji baada ya mvua. Mji uliokufa kwa wanahistoria ulikuwa hai kwao.

Mwaka 1985 yalitokea mambo mawili. Petra iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia, na Bdul wakahamishwa kutoka katika mapango yao wakapelekwa Umm Sayhoun, kijiji cha nyumba za saruji kilichojengwa juu ya kilima kando ya mji ule. Walipewa maji ya bomba, umeme na skuli, na sitoidharau neema hiyo hata kidogo. Lakini kijiji hakina pa kutanukia. Watoto walizaliwa, wajukuu wakazaliwa, na mipaka ikabaki palepale. Wachache waliobaki au kurejea mapangoni wameendelea kusumbuliwa mpaka miaka ya karibuni.

Miaka 20 baada ya uhamisho ule, mwaka 2005, UNESCO ilitangaza kuwa utamaduni wa Mabedui wa Petra na Wadi Rum ni miongoni mwa kazi bora za urithi wa mdomo na usioshikika wa binaadamu, na mwaka 2008 ukaingizwa katika orodha maalumu ya urithi huo. Hapo Bdul wanatajwa kwa jina. Wanasifiwa kwa ujuzi wao wa mimea na wanyama, tiba za asili, ufugaji wa ngamia, ushonaji wa mahema, kufuata nyayo na kukwea majabali, na kwa mashairi na ngano zinazofungamana na mahali maalumu. Sasa tazama, msomaji, hati hizi mbili zikiwekwa meza moja. Ya kwanza inayatukuza mawe, na mwaka uleule watu wakaondolewa kwenye mawe. Ya pili inawatukuza watu kwa ujuzi ambao hauwezi kuishi bila ya mawe hayo. Sisemi kuwa mkono ni mmoja; aliyewahamisha ni serikali, na waliowasifu ni wengine, na hati ya sifa yenyewe haifichi kuwa ujuzi huo unamomonyoka. Nasema tu kwamba kumsifu mtu kwa kukwea jabali baada ya kumshusha jabalini ni aina ya sifa inayofanana sana na matanga.

Baada ya hapo walibakiwa na nini? Walibakiwa na punda wa kuwapandisha wageni zile ngazi 800 na kitu za kwenda Ad-Deir, na meza za shanga na picha za posta. Hoteli kubwa zipo Wadi Musa, nje ya mji wa kale, mikononi mwa watu wengine na makampuni. Watoto wa Bdul wakajifunza lugha za Ulaya kabla ya kujua malisho ya babu zao, wakaacha skuli kwa ajili ya sarafu za njiani. Vijana wanaopaka wanja machoni, kama walivyopaka baba zao kujikinga na mwako wa jua, wageni wakawaita Jack Sparrow, jina la haramia wa filamu ya Kimarekani. Nilipolisikia jina hilo nilicheka, kisha nikaona aibu. Desturi ya mtu katika ardhi yake mwenyewe inaonekana ni uigaji wa sinema iliyotoka mwaka 2003, na kijana akishaona kuwa jina lile linamletea riziki, analiitika.

Sisi husema mcheza kwao hutunzwa. Bdul wanatunzwa kwa kucheza kwao, ila hapana tena pahala panapoitwa kwao.

Kutoka Petra nielekee kusini, Wadi Rum, kwa sababu huko mambo hayakwenda sawasawa na Petra, na mwenye kushutumu lazima awe mkweli. Bonde hili la mchanga na majabali marefu ni makaazi ya Zalabia na jirani zao Zuwaydeh. Hapo hawakuondolewa wote. Kijiji cha Rum kipo ndani ya hifadhi, na kambi nyingi ni mali ya wenyeji. Wapandaji majabali wa Kiingereza walipofika mwaka 1984, waliowaonesha njia za kukwea walikuwa Mabedui wawindaji waliokuwa wakizipita njia hizo bila ya kamba. Bonde lilitangazwa hifadhi mwaka 1998 na kuwa Urithi wa Dunia mwaka 2011, likisifiwa pia kwa michoro yake 25,000 na maandishi 20,000 yaliyochorwa majabalini. Huo ni ushahidi kuwa wachungaji wa jangwa hilo walikuwa wakiandika karne nyingi kabla ya mtu yeyote kuja kuwaandika wao.

Lakini hata pale ambapo ardhi haikuchukuliwa, jina lilichukuliwa. Ukiingia Wadi Rum utaoneshwa jabali kubwa lenye nguzo, na utaambiwa linaitwa Nguzo Saba, kwa Kiingereza. Jina lake ni Jabal al-Mazmar. Hilo jipya lilibandikwa miaka ya 1980 kutokana na jina la kitabu cha T. E. Lawrence, ofisa wa Kiingereza wa vita vya 1916 hadi 1918. Chemchemi ya Ain Shalaaleh inaitwa Chemchemi ya Lawrence, na magofu mengine yanaitwa Nyumba ya Lawrence. Mwaka 1962 ilitoka filamu yenye jina lake, na humo Auda Abu Tayi, shujaa wa Huwaytat aliyeongoza kutekwa kwa Aqaba mwaka 1917, aliigizwa na Anthony Quinn, mzaliwa wa Mexico. Tangu hapo jangwa hilo limekodishwa mara nyingi kuwa sayari nyingine. Mwaka 2015 lilikuwa Mirihi katika The Martian. Baada ya filamu hiyo zikazagaa kambi za makuba ya plastiki yanayoonesha nyota, na mgeni sasa analipia kulala Mirihi katika bonde ambalo watu wanalijua kwa majina ya kila bonde dogo na kila mti.

Mshairi anajua uzito wa jambo hili kuliko mhasibu. Mashairi ya Kinabati, yaani mashairi ya Mabedui kwa lahaja yao, yamejaa majina ya mahali. Msafiri hutaja visima alivyopita, kimoja baada ya kimoja, na msikilizaji hufuatana naye kwa kumbukumbu, akajua hapa palikuwa na malisho, hapa palipiganwa, hapa fulani alimuaga mpenzi wake. Lifute jina la kisima na ubeti umevunjika kigingi. Nimekwama mara nyingi katika tafsiri zangu kwa sababu ya neno moja la mahali ambalo kamusi hainalo. Anayelijua ni mzee aliyekaa mbele ya nyumba ya saruji, na mjukuu wake anayeweza kuniletea maana kwa Kiingereza kizuri hajawahi kulisikia.

Nilikaa Wadi Rum siku 4, miaka michache kabla ya ugonjwa wa korona. Usiku wa pili, katika kambi ambayo sitoitaja, mtu wa makamo alikaa karibu na moto akapiga rababa, zeze la uzi mmoja, akaimba kasida. Niliifuata kwa taabu, lakini niliifuata. Ilikuwa ya mtu anayemlaumu jamaa yake kwa kumtupa wakati wa ukame. Alipofika ubeti wa tano au wa sita, nyama iliyofukiwa mchangani, wenyewe huiita zarb, ikawa tayari. Msimamizi akampa ishara, naye akaikata kasida katikati ya sentensi. Baada ya chakula lilitolewa spika na muziki wa kucheza. Hakuna mgeni aliyeudhika, kwa sababu hakuna mgeni aliyejua kuwa ile ilikuwa sentensi. Nilimwendea yule bwana baadaye nikamuomba mwisho wake. Aliniimbia pembeni, taratibu, na nilipomuuliza kama huwa anaumaliza akaniambia huwa anaumalizia nyumbani, na siku hizi hata nyumbani si sana.

Wapo watakaosema: angalau utalii umemfanya apige. Bila ya mgeni rababa ingekwishatundikwa ukutani. Hoja hii naiheshimu, na nimeifikiria sana. Jawabu langu ni kwamba shairi halihifadhiwi na sikio lisiloelewa. Mwaka 2006 televisheni ya Abu Dhabi ilianzisha shindano la mashairi ya Kinabati liitwalo Shairi wa Milioni, na mamilioni ya Waarabu wakalitazama. Mwaka 2010 mwanamke wa Kisaudia, Hissa Hilal, alisimama pale ndani ya nikabu yake akawashutumu watoaji wa fatwa kali, akatishiwa kuuawa, na akamaliza wa tatu. Shindano lile lina pesa na taa na fujo za kila aina. Lakini mbele ya mshairi walikaa watu waliolijua kila neno, na neno likawa na hatari. Kambini neno halina hatari, kwa sababu halina msikilizaji. Limegeuzwa harufu ya chakula.

Sasa niseme kuhusu ugeni wenyewe, maana hapa ndipo jeraha lilipo. Kila aliyeandika juu ya Mabedui amesifu ukarimu wao. Desturi inasema mgeni hukaa siku tatu na theluthi, na katika muda huo mwenyeji haulizi ametoka wapi wala ana shida gani. Hata adui akishaingia hemani na kuonja chakula yumo katika himaya. Kahawa hutwangwa kwa mdundo maalumu ili majirani wasikie kuwa pana mgeni. Finjani ya kwanza ni ya ugeni, ya pili ni ya raha, na ya tatu ni ya upanga, yaani aliyeinywa amekubali kumlinda mwenye hema naye amekubali kulindwa. Sisi tunaozaliwa penye dele, finjani na iliki tunaielewa desturi hii bila ya kufafanuliwa. Neno letu dhifa limetoka katika neno lao la mgeni.

Ukarimu huo haukuwa pambo. Ulikuwa ndiyo sheria ya jangwa. Anayempokea mgeni leo ndiye atakayekuwa mgeni kesho, amepotelewa na ngamia, hana maji, mtoto wake ana homa. Kila finjani ilikuwa amana iliyowekwa kwa mtu usiyemjua. Na hata sisi tuliojaaliwa mvua tuliweka mpaka: mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Mpaka huo ulimtoa katika ugeni ukamuingiza katika ujamaa.

Mtalii hafai katika desturi hii, na si kwa ubaya wake. Watalii wengi niliowaona ni watu wapole wenye haya. Ila mtalii hatokuwa mwenyeji kesho. Hatompokea Bedui wa Rum nyumbani kwake London. Na Bedui huyo akiomba viza, ataulizwa yale ambayo desturi yake ilimkataza kumuuliza mgeni: umetoka wapi, unataka nini, una kiasi gani benki. Ukarimu wa upande mmoja si ukarimu, ni huduma. Huduma si aibu, hata mimi nauza tafsiri. Aibu ni kuuza huduma kwa jina la ukarimu, ukaandika katika tangazo "karibu upate ukarimu halisi wa Kibedui" na chini yake ukaweka bei. Mwenye hema aliyelelewa kuona haya ya kupokea malipo kwa kahawa lazima aizoee haya hiyo mpaka ife. Mtoto wake hatoijua kabisa. Huko ndiko kufa kwa mila: kahawa itaendelea kutwangwa, na hakuna jirani atakayeusikia mdundo kama wito.

Nitaambiwa kuwa nataka watu wakae katika ukame na ujinga ili washairi wapate cha kutafsiri. Hasha! Anayetaka watu wabaki mahemani ili apendezwe naye ni mtalii tu, hata asipokata tiketi. Mimi naitaka skuli, naitaka hospitali, na gari lililomchukua mwanamke mwenye uchungu kutoka jangwani hadi Aqaba ni bora kuliko ngamia wote wa mashairi. Wala sisemi kuwa utalii ndio mkosa peke yake. Mipaka ya mataifa ilikata njia za malisho, ukame ukaua mifugo, magari yakachukua kazi ya ngamia. Tangu mwaka 2013 maji ya kale yaliyo chini ya Disi, jirani na Rum, yanapelekwa Amman kwa bomba la kilomita 325, mita za ujazo milioni 100 kwa mwaka. Watu wa Amman wana haki ya kunywa. Lakini na jangwa lina wenyewe.

Nitaambiwa pia kuwa mkono mtupu haulambwi, na utalii umetia kitu mkononi. Ni kweli. Basi tuupime mkono huo. Mwaka 2019 Petra ilipata zaidi ya wageni milioni moja kwa mara ya kwanza, na maofisa walishangilia. Machi 2020 milango ikafungwa kwa sababu ya korona. Wageni walirudi taratibu, kisha Oktoba 2023 vita vya Gaza vikaanza, na ingawa hakuna risasi iliyolia Petra, njia zake zikawa tupu tena. Mchungaji aliyepigwa na ukame hupoteza nusu ya kundi, akasubiri mvua, mbuzi wakazaa. Aliyeuza kundi lake akanunua gari la kuwapeleka watalii kwenye mchanga mwekundu hana cha kuzaa. Deni la gari haliachi kuja kwa sababu mgeni hakuja. Zamani riziki ya Bedui ilitegemea mawingu. Leo inategemea habari za televisheni za nchi asizozijua. Sidhani kama huko ni kukombolewa.

Je, pana njia nyingine? Ipo, na wameionesha wenyewe. Ng'ambo ya Ghuba ya Aqaba ipo Sinai, ambako utalii ulifanya makubwa zaidi. Baada ya Misri kurejeshewa jangwa hilo mwaka 1982, pwani ya Sharm el-Sheikh, waliyokuwa wakiitumia Mabedui wa Muzeina kwa uvuvi na malisho, ikajaa hoteli, na kazi nyingi zikashikwa na watu kutoka bonde la Nile. Lakini mwaka 2015 makabila matatu, Tarabin, Muzeina na Jabaliya, yalifungua njia ya miguu ya kilomita 220 iliyoitwa Njia ya Sinai. Mwaka 2018 ikarefushwa hadi kilomita 550 na makabila yakawa manane. Kila kabila linaongoza katika ardhi yake, kwa ngamia na miongozo yake, na mgeni anakabidhiwa mpakani kwa kabila la pili kama ilivyokuwa misafara ya mahujaji. Mgeni hutembea kwa siku nyingi, hujifunza majina ya visima kwa kuwa anayahitaji, na hunywa pale wenyeji wanapokunywa. Mwaka 2019 wanawake wa kabila la Hamada walianza kuongoza wageni katika milima yao. Pesa ni zilezile. Tofauti ni nani anayeamua njia ipite wapi, nani aje, na lini aondoke.

Na papo hapo Sinai pana onyo. Jabaliya wamelihudumia na kulilinda dayari la Mtakatifu Katherine tangu karne ya 6, tangu zama za Mfalme Justinian. Katika miaka ya 2020 serikali imeanzisha huko mradi mkubwa wa hoteli na makaazi ya wageni chini ya Mlima Sinai, mahali ambapo ni Urithi wa Dunia tangu mwaka 2002. Nyumba na kambi za Mabedui zimevunjwa, na imeripotiwa kuwa makaburi yao yalifukuliwa ili kupisha maegesho ya magari. Wanaolikaribisha gari la mgeni kwa kuhamisha mifupa ya mwenyeji wasituambie tena kuwa utalii huhifadhi mila.

Msomaji wa visiwani hahitaji kuelezwa kwa nini nimekwenda mbali hivi. Mji Mkongwe nao uliingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 2000, na kila mmoja wetu anaweza kuhesabu nyumba alizozijua kwa majina ya waliozikaa ambazo leo anazijua kwa majina ya hoteli. Sisi pia tuna ngoma zinazochezwa bwawani wakati wa chakula cha jioni, zikakatwa kitamu kikiletwa. Tofauti yetu na Bdul ni ya miaka tu, na miaka haisimami.

Basi wanaotunga sera za utalii, huko na hapa, nawaomba neno moja: msitangaze urithi wa watu kabla ya kuwauliza watu wanataka kuishi wapi. Watalii nawaomba wasitafute Bedui halisi. Watafute mwenye njia, wamlipe sawasawa, na wamuulize jabali lile mbele yao linaitwaje kabla ya kufungua kitabu. Ndugu zangu washairi na watafsiri nawaomba kazi tunayoiweza bila ya ruhusa ya mtu. Tukitafsiri kasida ya jangwani, tusiyaruke majina ya visima kwa kuwa yanatusumbua mizani. Tuyaweke yote, kama yalivyo, hata ubeti ukiwa mzito.

Na lile tusi tuliache. Tukimuona mtu ameifukuza familia ya watu katika pango lao, kisha akachora picha yao katika tangazo la hoteli yake, tutafute jina jingine la kumwita, lakini bedui si jina lake.